Walioishi kwa Mali Kauli: Watu wa Kati wa Uingereza, Karne ya 16 hadi ya 18

Mheshimiwa mwenyekiti, walimu wenzangu, wanafunzi, na nyinyi wafanyabiashara mliofunga maduka mapema ili muwahi kufika, habari za jioni. Ahsanteni kwa kuja.

Mmeniomba nizungumzie tabaka la kati la Uingereza katika miaka ile kabla ya viwanda vikubwa. Naomba nianze na maneno, kwa sababu maneno tuliyopewa shuleni yalinichelewesha mimi mwenyewe kuwaelewa watu hawa. Sisi tuliosoma enzi za Azimio la Arusha tulifundishwa kabaila na bepari. Kabaila ana ardhi, bepari ana mtaji, na siku moja bepari anamng'oa kabaila. Basi, yameisha. Lakini bepari mwenyewe ana safari yake. Neno limetoka kwa Wagujarati, na kwao lilikuwa na maana ya mfanyabiashara tu, mtu wa kununua na kuuza. Mwaka 1969 Mwalimu Nyerere alipotoa tafsiri yake ya mchezo wa Shakespeare kwa jina la Mabepari wa Venisi, neno hilo lilikuwa limeshabeba mzigo wa siasa: mfanyabiashara mmoja wa Shakespeare akageuka kuwa mabepari wengi. Mimi jioni hii nataka kulirudisha neno kule lilikotoka, dukani.

Watu ninaowaleta mbele yenu hawakujiita tabaka. Waingereza wa karne ya 16 na ya 17 walipotaka kupanga jamii yao walisema kuna watu wa aina bora na watu wa aina duni, na kadiri karne ya 17 ilivyosonga wakazoea kutaja na aina ya katikati. Kusema "tabaka" kwa maana tunayoijua leo kulikuja kushika mwishoni mwa karne ya 18. Kwa hiyo nitawaita watu wa kati. Ni fundi mwenye karakana yake. Ni mwenye duka la vitambaa. Ni mkulima mwenye shamba la kumtosha kuajiri vibarua wawili watatu. Ni wakili wa mji mdogo, ni kasisi, ni mjane aliyeachiwa kiwanda cha bia na anakiendesha. Juu yao walikuwapo mamwinyi, ambao sifa yao kubwa ilikuwa kuweza kuishi bila kufanya kazi ya mikono. Chini yao walikuwapo vibarua na maskini, nao walikuwa wengi mno. Mtakwimu Gregory King, akikadiria hali ya mwaka 1688, nchi ikiwa na watu kama milioni 5.5, alipiga hesabu kwamba zaidi ya nusu yao hawakuweza kujitosheleza kwa kipato chao wenyewe.

Sasa watu wa kati walikaaje pale katikati? Wengi hujibu haraka: walikuwa na pesa. Miaka mingi nami nimefundisha hivyo. Leo nasema walikuwa na jina, na pesa ilifuata jina. Jina likianguka, kila kitu kinaanguka nalo.

Lakini kwanza tuingie ndani ya nyumba zao.

William Harrison alikuwa kasisi wa kijiji cha Radwinter, huko Essex. Katika maelezo yake ya Uingereza, yaliyochapwa mara ya kwanza 1577, anasimulia kwamba wazee wa kijiji chake walikuwa wakishangaa mambo matatu yaliyobadilika wakiwa hai. La kwanza, wingi wa dohani. Walipokuwa vijana moto uliwashwa katikati ya ukumbi, moshi ukatafuta njia yake darini. La pili, malazi. Wazee wale walikumbuka kulala juu ya nyasi kavu na mkeka mgumu, na chini ya kichwa gogo la mti. Gogo, ndugu zangu! Mto wa kichwa, walisema, ulikuwa wa mwanamke aliyejifungua. Mwanamume aliyeoa, akijaliwa kununua godoro ndani ya miaka saba ya ndoa, alijiona yuko sawa na mkubwa wa mji. Na la tatu, vyombo: sahani za mti zikatoka, zikaingia za madini ya bati, vijiko vya mti vikatoka, vikaingia vya fedha au vya bati.

Naipenda sana habari hii ya mto. Mara nyingi historia tunaipata kutoka vitani na kwenye majumba ya wafalme. Hapa tunaipata kwenye shingo ya mzee aliyelala juu ya gogo ujana wake wote, na sasa anamtazama mjukuu akilala kwenye mto wa manyoya. Mfumuko wa bei wa karne ya 16 uliwaumiza vibarua, maana mishahara haikufuata bei ya mkate. Kwa mkulima mwenye nafaka ya kuuza na kodi ya shamba iliyopangwa zamani, mfumuko uleule ulikuwa neema. Hapo ndipo ilipotoka dohani, na hapo ndipo ulipotoka mto. Jirani yake asiye na shamba alibaki na gogo lake.

Na dohani zilipozidi, serikali ikaziona. Kuanzia 1662 kila meko ya nyumba ililipiwa kodi ya shilingi mbili kwa mwaka, na wakusanyaji walikuwa na ruhusa ya kuingia ndani kuhesabu. Watu waliichukia kodi ile, ikafutwa 1689. Sisi wanahistoria tunaishukuru, kwa sababu orodha zake zinatuonyesha kijiji kizima: nani ana meko moja na amesamehewa kwa umaskini, nani ana tatu au nne, nani ana ishirini.

Sasa nije kwenye jina.

Nyinyi mnaouza na kununua mnajua mali kauli ni nini. Unachukua mzigo leo kwa neno la mdomo, unauza, kisha unarudi kulipa. Marehemu mama yangu alilea watoto sita kwa vitenge vya mali kauli, na sijawahi kumwona akiogopa kitu kama alivyoogopa kuchelewesha malipo ya tajiri wake. Nilipoanza kusoma habari za wenye maduka wa Uingereza ya zamani, nilimkuta mama yangu kila ukurasa.

Sarafu zilikuwa haba nchini mwao. Fedha halisi ilionekana kwa nadra, na sarafu ndogo za kununulia mshumaa au kitunguu zilikuwa nadra zaidi. Kwa hiyo karibu kila mtu alimdai mwenzake. Mwoka mikate anamdai fundi viatu, fundi viatu anamdai mkulima, mkulima anamdai mwoka mikate, na mara moja moja wanakaa mezani, wanafananisha hesabu, na kinacholipwa ni ile tofauti tu. Mambo kama hayo hayaendi bila kuaminiana. Kwa Kiingereza neno moja, credit, lilibeba maana mbili: mkopo, na kuaminika kwa mtu. Ukimwita mwenye duka mwongo au mfilisi mbele ya watu, umemwibia, na kesi za kuchafuliwa jina zilijaa mahakamani. Kwa mwanamke, kuitwa kahaba sokoni kuliweza kuiumiza biashara ya nyumba nzima.

Ngoja niwaonyeshe kitu kidogo sana. Kati ya 1648 na 1672, kwa kukosa chenji, wenye maduka na mabaa walitengeneza sarafu zao wenyewe za shaba, za thamani ya robo ya peni au nusu peni. Ni nyembamba, karibu ukubwa wa ukucha wa kidole gumba. Pembeni limezungushwa jina la mwenye duka na mji wake. Kuna wengine waliweka alama ya kazi yao, donge la sukari au pipa. Katikati, kwenye nyingi, mna herufi tatu: moja juu, mbili chini. Ile ya juu ni ya jina la ukoo. Mbili za chini ni za majina ya watu wawili, mume na mke.

Mke yumo ndani ya sarafu. Sheria ya Uingereza ilisema mwanamke akiolewa mali yake inayohamishika ni ya mumewe, na hawezi kuingia mkataba kwa jina lake. Sheria ikasema hivyo, lakini sokoni watu walijua nani anakaa kaunta mume akiwa safarini, nani anatunza daftari, nani anajua ni mteja yupi halipi. Sarafu ile iliposhikwa na mteja ilikuwa ahadi ya nyumba, na nyumba ilikuwa ya wawili. Kwangu mimi, kipande kile cha shaba kinasema ukweli kuliko vitabu vingi vya sheria za wakati ule.

Na kuanguka kulikuwaje? Mfano ninao wa mtu ambaye mtoto wake mnamjua nyote. John Shakespeare alikuwa fundi wa glovu katika mji wa Stratford-upon-Avon. Alitoka familia ya wakulima, akajifunza kazi ya ngozi, akanunua nyumba, akaingia baraza la mji, na 1568 akawa mkuu wa mji. Hati alizitia alama badala ya saini. Kisha mambo yakageuka. Madeni yakamzonga, akaweka rehani ardhi iliyotoka kwa wazazi wa mkewe, akaacha kuhudhuria vikao vya baraza. Mwaka 1592 serikali ilipoandika orodha ya watu wasiokwenda kanisani, jina lake limo, na wameeleza sababu: anaogopa kukamatwa kwa madeni. Mtu aliyekuwa mkuu wa mji hathubutu kukaa kanisani Jumapili kati ya majirani zake, kwa kuwa wote wanajua atakuwa pale, na wanaomdai wanajua pia.

Miaka minne baadaye, Oktoba 1596, familia hiyohiyo ilipewa nembo ya ukoo, alama ya mamwinyi, kwa pesa ambazo bila shaka zilitoka kwa mwana aliyekuwa anafanya kazi ya michezo London. Mwaka uliofuata William akanunua moja ya nyumba kubwa kabisa za Stratford. Jina limesimamishwa tena. Ila Agosti ya 1596, miezi miwili kabla ya nembo, mtoto wake pekee wa kiume, Hamnet, alikuwa amefariki akiwa na miaka 11. Nikifika hapa darasani huwa nanyamaza kidogo. Walilipigania jina miaka yote ile, na walipolipata, wa kulirithi alikuwa ameshazikwa.

Njia ya kawaida ya kuingia kati ya watu hawa ilikuwa uanagenzi. Sheria ya 1563 ilitaka miaka saba kwa uchache. Mzazi alilipa ada, na kwa kazi za heshima, kama uuzaji wa vitambaa vya bei, ada ilikuwa kubwa kiasi cha kumfungia mlango mtoto wa kibarua. Hati iliandikwa mara mbili juu ya ngozi moja, kisha ikakatwa katikati kwa mkato wa meno meno. Kila upande ukakaa na nusu yake. Siku ya ugomvi nusu zinaletwa, na meno yakikubaliana hati ni ya kweli. Mwanagenzi aliapa kutooa, kutocheza kamari, kutozurura mabaa, kutunza siri za bwana wake. London ilikula vijana hawa kwa maelfu. Ndivyo mji ule ulivyotoka watu kama 200,000 mwaka 1600 hadi zaidi ya nusu milioni mwaka 1700, ingawa waliokufa, wengi kwa magonjwa, walizidi waliozaliwa. Wengi hawakumaliza miaka yao saba. Wapo waliokufa, wapo waliotoroka, wapo waliorudi kwao.

Katika mji huo, mtaa wa Eastcheap, aliishi fundi wa kukereza mbao aitwaye Nehemiah Wallington, aliyezaliwa 1598 na kufa 1658. Hakuwa mtu mashuhuri. Alikuwa Mpuritani, yaani Mprotestanti mkali wa dini, mwenye wasiwasi mwingi, na aliandika. Alfajiri kabla ya kufungua duka aliandika dhambi zake, neema alizopata, habari za mji, matatizo ya duka. Alijaza madaftari 50. Yaliyobaki leo ni saba. Aliwatungia watu wa nyumba yake kanuni, wanagenzi na watumishi wakiwamo, na aliyevunja alilipa faini ya senti kidogo kwa ajili ya maskini. Alijitoza na yeye.

Mwaka 1625 tauni iliua watu zaidi ya 35,000 London, na iliingia nyumbani kwake. Binti yake Elizabeth hakuwa ametimiza miaka mitatu. Wallington ameandika kwamba usiku wa mwisho mtoto alimwambia, baba, kesho nitatoka nikakununulie pai ya plamu. Anasema hayo ndiyo maneno ya mwisho aliyoyasikia kwake. Angalia mtoto wa mwenye duka anavyompenda baba yake: anataka kwenda kununua. Baba akaomboleza mpaka akasahau ahadi zake zote kwa Mungu. Mkewe, Grace, mama wa mtoto yuleyule, ndiye aliyemwinua. Alimwambia aione siku ile kama siku ya harusi ya binti yao, amekwenda nyumbani kwa mumewe Kristo, na ni baba gani analia binti akienda kwa mumewe? Katika watoto watano waliojaliwa, ni Sarah peke yake aliyekua.

Kuna wanaosema watu wa zamani hawakuwapenda sana watoto kwa sababu walikufa wengi. Mimi nawaomba wamsome Wallington.

Sasa nitasema jambo ambalo sipendi kulisema, kwa sababu nimewapenda watu hawa. Mtu anayeishi kwa jina humtazama kwa woga asiye na jina. Mwaka 1596, mavuno yakiwa yamekataa miaka mfululizo, wakubwa wa kijiji cha Swallowfield, ambacho leo kiko Berkshire, walikutana wakaandika vifungu 26 vya kujitawala, maana mahakimu walikaa mbali. Kuna mambo mazuri mle. Walikubaliana kila mtu aseme kwa zamu yake na asikatizwe, na magomvi yasuluhishwe hapohapo kabla ya kufikishwa mahakamani. Ukisoma hapo unaweza kudhani uko kwenye baraza la wazee wenye busara. Endelea kusoma. Wanataka pia kuwazuia maskini kuoana kabla hawajapata nyumba, na kumrudi maskini anayejilinganisha na waliomzidi.

Sheria za 1598 na 1601 zikawapa watu kama hao nguvu ya nchi nzima. Kila parokia iliteua wasimamizi wa maskini, na mara nyingi waliteuliwa wenye maduka na wakulima wa kati. Walikusanya kodi kwa majirani wakawagawia wajane, yatima na wagonjwa. Ilikuwa kazi kubwa, na iliokoa maisha. Ukiacha njaa ya 1623 huko kaskazini-magharibi, Uingereza haikuona tena njaa ya kuua kama ile ya miaka ya 1590. Lakini msimamizi ndiye aliyeamua nani ni maskini mwema na nani ni mvivu. Tangu 1662 mgeni aliyedhaniwa kuwa atakuja kuwa mzigo aliweza kurudishwa alikotoka. Na sheria ya 1697 ikaamuru kila apokeaye msaada ashonewe begani, mkono wa kulia, herufi P, yaani maskini kwa Kiingereza, ya kitambaa chekundu au cha bluu, pamoja na herufi ya parokia yake, mkewe na watoto wake vilevile. Mwenye duka ana herufi zake kwenye sarafu, na mjane wa jirani ana herufi yake begani.

Thomas Turner, mwenye duka wa East Hoathly huko Sussex, ametuachia shajara ya miaka 1754 hadi 1765. Aliuza kila kitu, aliandikia watu wosia, alisimamia mazishi, alisomesha, alikusanya kodi, akawa msimamizi wa maskini. Jioni alimsomea mkewe Peggy mahubiri na Shakespeare. Alilewa, akajuta, akalewa tena. Na mtu huyohuyo, msomaji mpole, anaandika safari zake za kuwahamisha maskini na kuwabana wasichana wajawazito wamtaje baba wa mtoto ili parokia isilipe. Kwake yote mawili yalikuwa wajibu.

Na sukari iliyokuwa mezani pao? London ilipata nyumba yake ya kwanza ya kahawa 1652, na neno lao na letu limetoka kwa Waarabu walewale. Kahawa ile ilitiwa sukari ya Barbados na Jamaica, iliyolimwa na Waafrika waliouzwa. Biashara hiyo haikuwa ya wafalme peke yao. Baada ya 1698, ukiritimba wa kampuni ya kifalme ulipofunguliwa, wafanyabiashara binafsi waliingia kwa wingi, na kwa kuwa merikebu ziligawanywa kwa hisa, hata mtu wa mtaji wa kadiri aliweza kununua kipande cha safari. Watu waliotetemeka kwa kuchafuliwa jina waliandika wanadamu kwenye daftari kwa idadi, bila majina. Siwezi kuwasimulia habari za uaminifu wa watu wa kati nikaruka ukurasa huo.

Nimalizie na karatasi moja. Mtu wa kati alipokufa, majirani wawili watatu waliingia nyumbani kwake na kalamu, wakapita chumba kwa chumba kuorodhesha mali. Chungu cha shaba. Sahani za bati, kwa uzito. Nyama ya nguruwe iliyoning'inia dohanini. Godoro la manyoya, ambalo mara nyingi lilikuwa kitu cha thamani kubwa kuliko vyote chumbani, na mito yake. Godoro hilo huenda mke alikuja nalo kutoka kwao; kwa sheria linahesabiwa la marehemu. Wanashuka dukani, wanapima vitambaa. Mwisho wanaomba daftari la madeni, na wanayagawa mafungu mawili: yale yenye matumaini, na yale waliyokata tamaa nayo, madeni chechefu kama tunavyosema siku hizi. Hapo ndipo mjane anapoitwa mezani, kwa sababu ni yeye tu anayejua, kwa kila jina lililoandikwa, nani atalipa.

Sasa nakaribisha maswali.